Mwenye Haki ya Kusamehe

Katika mamlaka yote aliyokabidhiwa hakimu, watu huyaogopa zaidi yale ya kumpeleka mtu gerezani, wala si ajabu, kwa kuwa kifungo huonekana kwa macho. Lakini yapo mamlaka mengine, yasiyopigiwa kelele, ambayo kwa rai yangu yanahitaji uchaji mkubwa kuliko hayo, nayo ni mamlaka ya kuikomesha kesi kabla haijafika mwisho wake, na kuwaambia mlalamikaji na mshtakiwa na Jamhuri yenyewe kwamba shauri hili halina faida tena, kila mtu na arudi kwake. Kumwadhibu mtu kunahitaji ushahidi. Kumwacha kabla ushahidi haujasikilizwa kunahitaji jambo la ziada, nalo ni kumjua kwa hakika aliyedhulumiwa, na kujua kama huyo ameridhika kwa moyo wake au ameridhishwa kwa midomo ya wengine.

Suala hili huwa zito kuliko kawaida katika kesi za utekaji na utoroshaji, hasa utoroshaji wa mabinti, kwa sababu mara nyingi wanaopatana sio waliotendana. Baba wa binti hupatana na baba wa kijana, ukoo hupatana na ukoo, mlalamikaji aliyeandikwa kwenye jalada huridhika, na aliyechukuliwa hubaki pembeni akingoja kuambiwa yaliyoamuliwa juu ya maisha yake. Nakusudia kusema katika makala hii kwamba haki ya kusamehe ni ya aliyechukuliwa na si ya mwingine, awe mzazi, mzee, mchungaji au sheikh, na kwamba mahakama inayoifunga kesi ya namna hii pasipo kumsikiliza huyo haikuleta suluhu, bali imeipigia dhulma muhuri wa serikali.

Tuitazame nchi ya Rungwe, si kwa kuwa ina makosa kuliko nchi nyingine, bali kwa kuwa desturi zake zimebeba pande zote mbili za jambo hili, ule upande unaompoteza binti na ule unaoweza kumwokoa. Ni nchi ya neema: mlima Rungwe wenye kimo cha karibu mita 2,960, mvua isiyoadimika, migomba na chai na ng'ombe wa maziwa hata katika vishamba vidogo, na Tukuyu, uliokuwa ukiitwa Neu-Langenburg siku za Wadachi, ndio mji ambako mashauri ya wilaya huletwa. Shauri la kumtorosha binti lina mkondo unaojulikana na kila aliyewahi kukaa kwenye mabenchi ya mahakama za namna hii, na ninalolieleza hapa si kisa cha mtu mmoja bali ni mwenendo wa wengi. Baba hupiga ripoti polisi kwamba binti yake hakurudi nyumbani. Kijana hukamatwa, husomewa shtaka, hurudishwa mahabusu au hupewa dhamana. Mwendesha mashtaka husema upelelezi haujakamilika, tarehe hupangwa nyingine, na nyingine tena. Wakati huohuo wazee hukutana nyumbani jioni, maneno makali husemwa na kulainishwa, ng'ombe hutajwa, na baada ya hapo mashahidi huanza kukosekana: mmoja amekosa nauli kutoka Mwakaleli, mwingine yuko kwenye chai, wa tatu amesafiri na haijulikani atarudi lini. Hatimaye hufika siku ambayo wazee wawili, ambao mwanzo wa kesi kila mmoja alikaa benchi lake na kumpa mwenzake kisogo, huonekana wamekaa bega kwa bega, mwavuli mmoja umelazwa sakafuni baina yao. Mwendesha mashtaka husimama na kusema kwamba mlalamikaji hataki kuendelea, yamemalizwa kifamilia. Hakimu hufungua jalada, hulifunga. Binti, ikiwa yupo, yupo nyuma kabisa, kitenge kimemfunika mabega, na katika watu wote waliosema siku hiyo hakuna hata mmoja aliyemwuliza neno.

Je, hakimu afanye nini? Wako wanaosema aendelee tu, kwa kuwa jinai ni ya Jamhuri na si ya baba; wako wanaosema aifute, kwa kuwa hakuna maana ya kuendesha kesi isiyo na shahidi wala mlalamikaji, ilhali amani imekwisha kurudi kijijini. Kila upande una sehemu ya ukweli, wala haifai kuamua baina yao kabla ya kuona sheria imempa hakimu njia gani.

Sheria haikuinyima mahakama njia za kuikomesha kesi isiyo na faida. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985 iliweka kwamba, isipokuwa kwa makosa kadha wa kadha makubwa, kesi iliyo mbele ya mahakama ya chini isiahirishwe kwa muda unaozidi siku 60 kwa jumla, ila kwa hati ya mkuu wa upelelezi wa mkoa, kisha ya Wakili wa Serikali, na mwisho ya Mkurugenzi wa Mashtaka, wala muda wote usipite miezi 24. Hati zikikosekana na upande wa mashtaka ukawa hauko tayari, mshtakiwa huachiwa. Kifungu cha 163 cha sheria hiyohiyo kiliiruhusu mahakama, katika shambulio la kawaida na makosa mengine yenye sura ya mambo binafsi, kuwapatanisha wanaohusika na kuisimamisha kesi, endapo itaona kwamba maslahi ya umma hayadai adhabu. Mwendesha mashtaka naye aweza kuliondoa shauri kwa ridhaa ya mahakama; na juu yake yupo Mkurugenzi wa Mashtaka, ambaye wakati wowote kabla ya hukumu aweza kutamka kwamba Jamhuri haitaendelea, na hapo hakimu hana la kufanya ila kumwachia mshtakiwa. Zaidi ya hayo Katiba, kwa ibara ya 107A iliyoingizwa mwaka 2000, inaziagiza mahakama zisicheleweshe haki pasipo sababu ya msingi, zikuze usuluhishi baina ya wenye migogoro, na pia, jambo ambalo hutajwa mara chache, zitoe fidia ipasavyo kwa wale walioathirika kwa makosa ya wengine.

Majirani zetu wameuweka ufunguo huu mahali pengine kidogo. Kenya, kwa Katiba yake ya mwaka 2010, inamzuia Mkurugenzi wa Mashtaka asiiondoe kesi ila kwa ruhusa ya mahakama, na wakati huohuo inazitaka mahakama zipendelee upatanisho na njia za jadi. Ndipo mwaka 2013 Mahakama Kuu ya Nairobi ikakubali kuondolewa kwa shtaka la mauaji baada ya familia mbili kupatana kwa mila na dini yao na fidia kulipwa. Bara Hindi, ambako sheria zetu zina nasaba nako, kwani tangu 1920 hadi Kanuni yetu ya Adhabu ilipotungwa mwaka 1930 Tanganyika ilihukumu jinai kwa kanuni zilizotoka huko, sheria ya mwaka 1973 ilithibitisha katika kifungu chake cha 482 mamlaka ya asili ya Mahakama Kuu kuvunja shauri lolote ambalo kuendelea kwake ni kuitumia mahakama vibaya. Na mwaka 2012 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ikasema kwamba suluhu ya wahusika yaweza kuwa sababu ya kulivunja shauri, lakini si katika mauaji, wala ubakaji, wala unyang'anyi wa magenge, kwa kuwa hayo humwumiza kila mtu. Katika Sheria yetu ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai hakuna kifungu cha namna ya kile cha 482. Lakini swali lililo chini yake ni letu sawasawa na lilivyo lao: kesi huwa haina faida lini, na haina faida kwa nani?

Wanazuoni wa fiqhi walilichambua jambo hili zamani kwa kuzigawa haki sehemu mbili, haki ya Mwenyezi Mungu, ambayo hakuna mwanadamu awezaye kuisamehe kwa kuwa si mali yake, na haki ya mja, ambayo mwenyewe aweza kuidai au kuiachilia. Mauaji yenyewe, pamoja na ukubwa wake, waliyahesabu upande mmoja kuwa haki ya mja: jamaa wa aliyeuawa waweza kudai kisasi, au kupokea diya, au kusamehe kwa ajili ya Mungu. Mtu akiishia hapo atadhani kwamba baba wa Rungwe anayepokea ng'ombe na kuifuta kesi ana hoja yenye nguvu, maana ikiwa jamaa waweza kusamehe damu, je, washindwe kusamehe kutoroshwa? Lakini hoja hiyo inaanguka ukiitazama sababu yake. Jamaa husamehe damu kwa kuwa mwenye damu amekufa, hana ulimi wa kudai wala wa kuachilia. Wao ni warithi wa haki yake kama walivyo warithi wa mali yake. Aliyetoroshwa yu hai. Hajarithiwa. Anayesamehe kwa niaba ya aliye hai pasipo idhini yake amejifanya mrithi wa mtu ambaye hajafa.

Tena wanazuoni hao walikwenda mbele zaidi. Katika madhehebu ya Imam Shafii, ambayo ndiyo madhehebu ya wengi pwani yetu, na katika Minhaj at-Talibin cha Imam Nawawi kilichotegemewa sana na makadhi wa huku, imewekwa kwamba ikiwa mmoja wa warithi wa damu ni mtoto, shauri la kisasi hungojwa mpaka mtoto huyo akomae, na mwuaji hubaki kizuizini muda huo wote, kwa kuwa walii wake, hata akiwa baba mwenye huruma kuliko baba wote, hana mamlaka ya kuitoa haki ambayo si yake. Nimelitafakari sana jambo hili. Watu ambao tunawadhania kuwa walizama katika mamlaka ya wazee na mababa walitambua, karne nyingi kabla ya mikataba ya leo ya haki za watoto, kwamba ulezi ni amana na si umiliki, na kwamba mlezi aweza kumlindia mtoto haki yake lakini hawezi kuigawa.

Turudi Rungwe tuone ilikuwaje hata baba akajiona kuwa ndiye mwenye kosa lililotendwa. Godfrey Wilson na mkewe Monica, wanaanthropolojia waliokaa na Wanyakyusa, wenyeji wa Rungwe, na kuwasoma kati ya mwaka 1934 na 1938, wameeleza jinsi ndoa ilivyosimama juu ya ng'ombe, na jinsi ng'ombe walivyokuwa mikononi mwa mababa. Vijana wa kiume walichelewa kuoa miaka mingi kuliko wasichana, wakingoja zamu na wakingoja mifugo, huku wazee wenye mali wakiongeza wake. Penye kungoja kwa namna hiyo hapakosi kutoroshana, na mabaraza ya wenyeji yaliyowekwa na Waingereza yalishughulika mno na mashauri ya wake waliokimbia na ng'ombe waliodaiwa kurudishwa. Katika mashauri hayo swali lilikuwa la nani amlipe nani. Mwanamke aliyekimbia alikuwa ndiye sababu ya shauri, lakini hakuwa mwenye shauri. Wala tusiwalaumu wazee peke yao, kwa maana Kanuni ya Adhabu ya mkoloni, kwa usomi wake wote, ililijenga kosa la kumtorosha mtoto juu ya msingi uleule: kosa ni kumtwaa mvulana aliye chini ya miaka 14, au msichana aliye chini ya miaka 16, kutoka katika ulezi wa mlezi wake halali bila ya idhini ya mlezi huyo. Aliyenyang'anywa, kwa lugha ya kanuni hiyo, ni mlezi. Basi mila na sheria zilikutana mlangoni mwa baba, na baba akatoka akiamini kwamba msamaha ni wake.

Hapa nataka kukumbusha kisa ambacho Mwislamu wa Kyela na Mmoraviani wa Rungwe wanakijua wote wawili, nacho ni kisa cha Yusuf bin Yakub. Ndugu zake walimtwaa kwa hila kutoka kwa baba yake, wakamtumbukiza kisimani, akauzwa kwa thamani duni, akapelekwa ugenini; hakuna kesi ya utekaji iliyo wazi kuliko hiyo. Miaka ikapita, mambo yakageuka, na wale ndugu wakasimama mbele yake wasimtambue. Tazama utaratibu wa mambo. Yusuf hakukimbilia kuwakumbatia. Kwanza aliwaweka katika mtihani mpaka, kama isimulivyo Taurati, akawasikia kwa masikio yake wakikiri wao kwa wao kwamba waliyatenda makosa juu ya ndugu yao, naye akageuka pembeni akalia. Msamaha ulikuja baada ya kukiri, nao ulitoka kinywani mwake mwenyewe aliyetekwa. Na baba je? Kurani inaeleza kwamba wana walipomwomba baba yao awaombee maghufira, Yakub hakuomba papo hapo, bali aliahidi kwamba atawaombea. Na wako miongoni mwa wafasiri waliosema kwamba alichelewesha ili kwanza amwulize Yusuf kama amewasamehe. Nabii wa Mungu, baba aliyelia hata macho yake yakapofuka, ambaye dhiki yake ilikuwa kubwa kuliko dhiki ya baba yeyote aliyepata kwenda kituo cha polisi Tukuyu, kwa tafsiri hiyo alijizuia kusema neno la msamaha mpaka alijue la mwanawe.

Mafundisho haya hayakuhitaji kuletwa Rungwe na meli, wala hayakuanza na wamishenari wa Kimoraviani waliofika huko mwaka 1891. Wanyakyusa wenyewe walikuwa na elimu nzito juu ya hasira na upatanisho. Waliamini kwamba hasira inayofichwa moyoni ndiyo inayoua: majirani wakinung'unika juu ya mkosaji, pumzi yao humwangukia na kumtia baridi ya maradhi, na jamaa aliyekuja kwenye tambiko huku ana kinyongo na mwenziwe huliharibu tambiko zima. Kwa hiyo hawakuridhika na kupeana mikono. Ilikuwa sharti kila mwenye neno alitoe, mbele ya watu, aseme amekasirishwa na nini na nani, hata kama maneno ni machungu na wakubwa wanayasikia. Alipokwisha kuyatoa yote ndipo maji yalipopulizwa kutoka kinywani kuwa dalili kwamba hasira imetoka, ndipo watu wakala pamoja. Aliyenyamaza hakuhesabiwa kuwa amesamehe. Alihesabiwa kuwa ni hatari.

Kwa kipimo hiki cha wazee wenyewe, kikao cha jioni ambacho baba hupokea ng'ombe na binti hupika chakula cha wageni si upatanisho, kwa kuwa aliye na neno zito kuliko wote hakulitoa. Wanaotetea vikao hivyo kwa jina la mila wameishika nusu ya mila, ile nusu ya ng'ombe, na kuiacha nusu nyingine iliyokuwa roho yake. Wala si siri kwamba mwamba ngoma huvutia kwake: anayepanga suluhu na kupokea fidia mwenyewe hana budi kuiona suluhu hiyo kuwa njema.

Basi hakimu afuate kanuni gani? Naona mambo mawili yaliyo mbali mno kama mashariki na magharibi, ingawa huandikwa kwa shtaka linalofanana.

Jambo la kwanza ni la binti mtu mzima, aliyetimiza miaka 18, aliyeondoka kwao kwa miguu yake na hiari yake kumfuata ampendaye. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 haimdai tena idhini ya baba. Akipelekwa kijana mahabusu kwa malalamiko ya baba ambaye hasira yake ni juu ya mahari isiyolipwa, au juu ya kabila au dhehebu la mkwe asiyemtaka, hiyo ndiyo kesi isiyo na faida kwa maana yake ya kweli, kwa kuwa hakuna aliyetekwa. Mwaka 1964 Mahakama ya Juu ya Bara Hindi ililitazama shauri la Varadarajan wa Madras, aliyetiwa hatiani kwa kumtorosha msichana mwanafunzi wa chuo aliyekaribia utu uzima; majaji wakaona kwamba msichana ndiye aliyempigia simu, ndiye aliyekwenda alikojua anakwenda, na kwamba kumpokea mtu aliyekwisha kuamua si kumtwaa; wakamwachia. Naam, kama ndivyo ilivyo kwa aliyekaribia utu uzima, seuze aliyeufikia. Katika kesi kama hii hakimu asingoje siku 60, wala asiruhusu gereza liwe chombo cha kupandishia bei ya mahari. Amwite binti mapema, amsikilize, na akithibitika kusema kwa hiari yake, mwendesha mashtaka aliondoe shauri na mahakama iridhie bila ya kusitasita. Kila siku inayopita kijana huyo akiwa ndani ni dhulma, na dhulma inayotendwa kwa taratibu zilizoandikwa vizuri haipungui uzito mbele ya Mungu.

Jambo la pili ni la mtoto. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamhesabu mtoto kuwa kila aliye chini ya miaka 18, nayo inampa haki ya kutoa maoni na kusikilizwa katika mambo yanayogusa maisha yake. Kwa muda mrefu sheria zetu zilivutana juu ya mtoto wa kike: Sheria ya Ndoa iliruhusu msichana wa miaka 15 kuolewa kwa ridhaa ya mzazi, na sheria ya makosa ya kujamiiana ya mwaka 1998, iliyoyafanya maingiliano na msichana aliye chini ya miaka 18 kuwa ubakaji hata akikubali, ikabakiza mwanya kwa mke aliyetimiza miaka 15. Kwa mwanya huo aliyemtorosha mtoto aliweza kutafuta hifadhi ndani ya ndoa, na suluhu ya wazee ikawa ndiyo hati yake ya kuachiwa. Mwanaharakati Rebeca Gyumi akaishtaki Serikali, Mahakama Kuu ikaamua tarehe 8 Julai 2016 kwamba vifungu vya ndoa hizo vinapingana na Katiba, na Mahakama ya Rufani ikauthibitisha uamuzi huo Oktoba 2019. Mwaka huohuo wa 2016 sheria ya elimu ikarekebishwa, ikaweka kifungo cha miaka 30 kwa anayemwoa au kumpa mimba mwanafunzi. Baada ya hayo sioni njia ya halali ambayo hakimu aweza kulihesabu shauri la kumtorosha mtoto kuwa ni jambo binafsi la familia mbili. Mtoto hawezi kusamehe kwa kuwa hajakomaa. Baba hawezi kwa kuwa haki si yake. Jamhuri basi inasimama mahali pa mlezi mwaminifu, inaishika haki hiyo kwa amana mpaka mwenyewe akue, na amana hailipwi ng'ombe.

Najua pingamizi lililo zito kuliko yote, na halitoki kwa watu wabaya. Hutoka kwa mama. Husema: binti yangu amekwisha kuzaa, mtoto anamhitaji baba yake, kijana akifungwa miaka 30 nani atamlea? Tena binti mwenyewe ametusihi tuiache kesi. Mkimlazimisha kusimama kizimbani mtamwumiza mara ya pili. Maneno haya hayatupwi. Lakini tuyapime. Ikiwa binti anasihi, swali la kwanza ni nani alikuwa amekaa karibu naye aliposihi. Na jibu hilo halipatikani katika mahakama iliyojaa wajomba. Lipo jambo ambalo hakimu aweza kulifanya nalo halihitaji kifungu kipya cha sheria: amsikilize faraghani, pasipo wazazi wa upande wowote, akiwepo afisa ustawi wa jamii, kwa lugha anayoiweza, Kinyakyusa kama ndicho kinachomtoka bila ya woga, na aandike katika jalada alichosema. Akifanya hivyo ataona mengi ambayo wito wa mashahidi haukuyaleta. Ama maumivu ya kutoa ushahidi, hayo ni sababu ya kumlinda shahidi, si sababu ya kumnyamazisha. Na kuhusu matunzo ya mtoto mchanga, hilo ni deni la baba wa mtoto huyo kwa hali yoyote, awe huru au afungwe, wala halikupata kuwa bei ya kununulia uhuru. Fidia nayo ikitolewa iwe ya aliyeumizwa, iandikwe kwa jina lake na ifike mikononi mwake. Ng'ombe aliyefungwa zizini kwa baba hajamfidia binti kitu.

Wala kusikilizwa kwa mtoto si kumpa mzigo wa kuamua. Maneno yake huongoza namna ya kuiendesha kesi, ulinzi atakaopewa, fidia, pengine na ukali wa adhabu pale sheria inapoacha nafasi. Lakini mlango wa kuifuta kesi haukuwekwa mabegani mwake, ili pasiwepo mjomba wa kumbembeleza wala shangazi wa kumtisha aufungue. Hii nayo ni rehema.

Limebaki jambo moja ambalo hufichwa chini ya neno suluhu. Kesi nyingi hazifi kwa msamaha. Hufa kwa uzembe. Jalada halikukamilika, mpelelezi amehamishwa, nauli ya shahidi haikupatikana, siku 60 zimekwisha. Sheria imeweka ukomo huo kumlinda mshtakiwa asioze mahabusu, na ukomo huo ni wa haki. Lakini mahakama inapomwachia mtu kwa sababu hiyo na iandike hivyo, kwamba upande wa mashtaka umeshindwa kazi yake, isiandike wala isiruhusu ivumishwe kwamba watu wamepatana. Kwa sheria, kuachiwa kwa namna hiyo hakuzuii kushtakiwa upya. Kwa dhamiri, binti ana haki ya kujua kwamba hakuna aliyemsamehea mtesi wake, ila kuna walioshindwa kumhudumia yeye.

Mamlaka ya kuikomesha kesi ni sehemu ya rehema, na mahakama isiyokuwa nayo ingegeuka mashine ya kusaga watu. Simtaki hakimu anayeyaogopa mamlaka hayo. Namtaka anayeyatumia upesi panapokuwa hakuna aliyetekwa, anayeyazuia kabisa pale aliyetekwa ni mtoto, na ambaye, aliyetekwa akiwa mtu mzima mwenye akili zake naye akasema amesamehe, humwuliza kwanza kama ameyasema yote aliyokuwa nayo moyoni, na kama aliyemtenda ameyakiri. Wazee wa Rungwe walijua kwamba pasipo hayo mawili hakuna upatanisho. Baba na alie, kwa maana naye ameumizwa; aombe, ashauri, amwombee hata mkosaji kama moyo wake una upana huo. Lakini neno la kusamehe amwachie mwanawe, kama Yakub alivyomwachia Yusuf.